Dino De Laurentiis: Fedha za filamu zilitoka wapi katika Italia ya baada ya vita?

Mpenzi wa soka akilisikia jina De Laurentiis atamtaja Aurelio, mwenye klabu ya Napoli tangu mwaka 2004. Wapenzi wa sinema watamtaja baba yake mdogo, Dino. Kwa zaidi ya miaka 60 Dino De Laurentiis alitayarisha filamu ambazo ukiziweka pamoja huamini kwamba zimetoka kwa mtu mmoja. Kuna La strada ya Federico Fellini, kisa cha binti maskini anayeuzwa kwa mbabe wa mitaani anayekata minyororo kwa kifua. Kuna Vita na Amani akiwamo Audrey Hepburn, kuna Kitabu cha Mwanzo tangu uumbaji hadi Ibrahimu, kuna King Kong akipanda maghorofa ya New York.

Habari nyingi zilizoandikwa juu yake zinahusu tabia: mfupi wa kimo, mwepesi wa maneno, mtu wa upande wa Napoli asiyekubali kushindwa. Sifa hizo zina ukweli wake, ila nadhani zimetuzuia kuuliza swali la maana zaidi. Italia ilitoka vitani mwaka 1945 ikiwa magofu. Miaka kumi baadaye nchi hiyohiyo iliuza tiketi za sinema milioni 819 kwa mwaka mmoja, yaani tiketi 17 hivi kwa kila mtu, watoto wachanga wakiwamo, na watayarishaji wake walikuwa wakiwaajiri nyota wa Hollywood. Fedha hizo zilitoka wapi? Ukilifuata swali hilo hatua kwa hatua, maisha yote ya kazi ya De Laurentiis yanaeleweka, pamoja na sababu ya kuihama Italia.

Mtayarishaji bila mtaji

Mtayarishaji wa filamu, au prodyuza kama wengi tunavyomwita, huchanganywa na tajiri. Tunadhani ni mtu mwenye fedha zake, anampa mwongozaji, kisha anasubiri faida. Italia ya mwaka 1946 haikuwa na matajiri wa namna hiyo wa kutosha, na waliokuwapo hawakuwa na haja ya kuzizika fedha zao kwenye sinema. Studio za Cinecittà, zilizofunguliwa Roma mwaka 1937 enzi za Mussolini, zilikuwa zimegeuzwa kambi ya wakimbizi. Familia zilizopoteza makazi zililala ndani ya majengo yaliyokusudiwa kamera na taa.

Tatizo kubwa kuliko majengo lilikuwa filamu za Marekani. Mwaka 1938 utawala wa kifashisti ulichukua haki yote ya kuingiza filamu za nje, na kampuni nne kubwa za Hollywood zikajitoa katika soko la Italia. Vita vilipokwisha na vizuizi hivyo kufutwa, Wamarekani walikuwa na ghala la miaka mingi: mamia ya filamu ambazo Mtaliano hakuwahi kuziona na ambazo gharama zake zilikwisha kurudi kwao. Waliweza kuzikodisha kwa bei yoyote. Mtaliano aliyetaka kutengeneza filamu mpya alianza na deni siku ya kwanza.

Katika hali hiyo aliingia kijana wa Torre Annunziata, mji wa viwanda vya tambi chini ya mlima Vesuvius. Dino alizaliwa hapo mwaka 1919. Baba yake alikuwa na kiwanda cha tambi, na kijana akapewa kazi ya kuzunguka akiziuza. Baadaye alikwenda Roma kusomea uigizaji katika Centro Sperimentale di Cinematografia, chuo cha serikali cha sinema. Hakuwa mwigizaji wa kutajika, lakini chuoni alijua nani anafanya nini, na mwanzoni mwa miaka ya 1940, akiwa na umri wa miaka ishirini na kitu, alikwisha anza kutayarisha.

Mlango wake halisi ulikuwa Lux Film. Kampuni hiyo iliasisiwa na Riccardo Gualino, mwenye viwanda wa Turin, na ilikuwa na utaratibu uliowafaa vijana wasio na mtaji. Lux ilitoa fedha na kusambaza filamu. Kazi yenyewe ya kutengeneza iliwakabidhi watayarishaji kwa mkataba, kila mmoja na filamu zake. Miongoni mwao walikuwa De Laurentiis na mwanasheria wa Milan aliyeitwa Carlo Ponti. Hapo ndipo De Laurentiis alipojifunza kusimamia bajeti ya mtu mwingine kana kwamba ni damu yake.

Tazama Riso amaro, yaani Mchele Mchungu, iliyotoka mwaka 1949. Mwongozaji wake, Giuseppe De Santis, alikuwa mkomunisti aliyetaka kuonyesha maisha ya mondine, vibarua wa kike waliokuja kwa msimu katika mashamba ya Vercelli kaskazini mwa Italia, wakainama siku nzima maji yakiwa magotini kupalilia na kupandikiza mpunga. Filamu inaonyesha hayo yote: treni za vibarua, mabweni ya kulala kwa safu, wasimamizi, ugomvi kati ya wenye mikataba na wasio nayo, nyimbo zinazopeleka habari kwa sababu kuzungumza kazini kumekatazwa. Lakini ndani yake kuna pia mwizi wa vito, kuna bastola, kuna dansi ya kisasa ya Kimarekani, na kuna Silvana Mangano, msichana wa miaka 18, akisimama katikati ya tope na soksi nyeusi zilizochanika, picha iliyozunguka dunia. Wakosoaji wa mrengo wa kushoto walichukia mchanganyiko huo. Mimi naona ndani yake somo la kwanza la De Laurentiis: shida ya kibarua haiuzi tiketi Chicago, lakini shida ya kibarua ikibebwa na kisa cha wizi na mapenzi inauza. Filamu ilifanikiwa hadi Marekani, hadithi yake ikateuliwa kuwania Oscar, na mwaka huohuo De Laurentiis na Mangano wakaoana.

Sheria ya mwaka 1949

Hakuna anayeweza kuielewa sinema ya Italia ya miaka ya 1950 bila kumtaja Giulio Andreotti, mwanasiasa kijana wa chama cha Christian Democracy aliyekabidhiwa masuala ya sinema katika ofisi ya Waziri Mkuu. Februari 1949 watu wa sinema walikusanyika katika uwanja wa Piazza del Popolo mjini Roma, mwigizaji Anna Magnani na mwongozaji Vittorio De Sica wakiwamo, kuitaka serikali iiokoe kazi yao. Kabla ya mwaka kwisha sheria zilikuwa zimepitishwa, na ya Desemba ikabaki na jina la Andreotti.

Mpango wenyewe ulikuwa na mikono kadhaa. Kila ukumbi wa sinema ulilazimika kuonyesha filamu za Kitaliano siku 80 kwa mwaka. Kila aliyeingiza filamu ya nje na kutaka kuiwekea sauti za Kitaliano alitakiwa kuweka lira milioni 2.5 katika mfuko wa Banca Nazionale del Lavoro, benki ya serikali, na fedha hizo zikatumika kuwakopesha watayarishaji wa Italia. Kwa hiyo kila filamu ya Hollywood iliyoongea Kitaliano ilichangia, ipende isipende, kutengeneza mshindani wake. Mwisho, serikali ilimrudishia mtayarishaji wa Kitaliano sehemu ya mapato ya viingilio vya filamu yake, na nyongeza kwa zile zilizohesabiwa kuwa na thamani ya kisanaa.

Hapo kwenye kurudishiwa panahitaji kutazamwa kwa makini, kwa sababu ndipo tabia ya sinema nzima ilipobadilika. Ruzuku haikutolewa kwa kigezo cha mahitaji. Ilifuata tiketi: filamu iliyouza sana ilirudishiwa sana, iliyouza kidogo ilirudishiwa kidogo. Mwenye nacho aliongezewa. Mtayarishaji aliyesoma sheria hiyo vizuri aliona kwamba serikali inamwambia apanue, aweke nyota, aweke rangi, ajaze kumbi. De Laurentiis aliisoma vizuri kuliko karibu wote.

Sheria ilikuwa na makali mengine. Ili upate mkopo ulipaswa kupeleka muswada wa filamu serikalini kabla ya kupiga picha. Hakukuwa na haja ya askari kuja kukamata mikanda. Ofisa alichelewesha tu karatasi, benki ikasubiri, na filamu ikafa kabla ya kuzaliwa. Mwaka 1952 Andreotti alimwandikia De Sica hadharani, katika gazeti, akimlaumu kwa Umberto D., filamu ya mzee mstaafu na mbwa wake, kwamba inaichafua Italia mbele ya dunia. Kila mtayarishaji alielewa ujumbe. Nawasikia wengi wakisema sinema ile ya uhalisia, iliyopigwa mitaani kwa wasiokuwa waigizaji, ilikufa kwa sababu watu walichoka kuona umaskini. Huenda walichoka kweli. Lakini ilikuwa pia vigumu kuikopea.

Karatasi zinazogeuka filamu

Sasa tumfuate mtayarishaji kuanzia asubuhi ya kwanza, akiwa na hadithi mkononi na mfuko mtupu.

Anaanza kwa wasambazaji. Italia ilikuwa na wa kitaifa na wa mikoa, na kila mmoja alitaka uhakika wa filamu za kupeleka kwenye kumbi zake. Mtayarishaji anamtajia hadithi, mwongozaji, na juu ya yote nyota. Msambazaji akiridhika anamwahidi kiasi fulani cha chini atakacholipa, filamu iuze isiuze. Halipi taslimu. Anatia saini hati za ahadi ya malipo zitakazoiva baada ya miezi kadhaa, wakati filamu itakapokuwa kwenye kumbi. Mtayarishaji anazipeleka hati hizo benki, na benki inazinunua kwa bei pungufu. Hapo ndipo fedha ya kwanza halisi inapopatikana. Sehemu nyingine inatoka katika mfuko wa mikopo ya sinema, filamu yenyewe ikiwa rehani ingawa bado haipo. Anafanya kama mkulima anayeuza mpunga ungali shambani: amepata fedha ya kumalizia palizi, lakini mvua ikikosekana deni linabaki palepale.

Chanzo kingine kilikuwa Ufaransa. Mwaka 1949 nchi hizo mbili zilitiliana saini mkataba: filamu ikitengenezwa kwa ubia ilihesabiwa kuwa ya taifa katika kila nchi, hivyo ikapata msaada wa pande zote mbili. Ndiyo maana waigizaji wa Kifaransa wamejaa katika filamu za Kitaliano za wakati huo. Le notti di Cabiria ya Fellini ilikuwa ya ubia huo, na yule bwana mpole anayemhadaa Cabiria mwishoni ni Mfaransa François Périer.

Na chanzo cha tatu kilikuwa Wamarekani wenyewe. Mapato yao mengi yalizuiwa yasitoke Italia, kwa kuwa nchi ilikuwa na uhaba mkubwa wa dola. Wakaona heri wayatumie palepale. Kampuni ya Hollywood ya MGM ilitengeneza Quo Vadis Cinecittà, ikatoka mwaka 1951, na baada yake zikafuata nyingine. Mafundi wa Roma walijifunza kujenga mahekalu na kusimamia maelfu ya watu mbele ya kamera, na waigizaji wa Hollywood walianza kuuona mji huo kama mahali pa kawaida pa kazi. De Laurentiis alijiuliza kwa nini yeye asiwaajiri.

Miaka pamoja na Ponti

Mwaka 1950 yeye na Ponti waliungana wakaanzisha kampuni yao Roma. Walitofautiana sana. Ponti alikuwa mtulivu, mtu wa mikataba na wa kukusanya michoro. De Laurentiis alikuwa mtu wa kuingia ofisi yoyote na kupiga meza. Walitengeneza vichekesho vya mchekeshaji Totò kwa wingi, ikiwamo Totò a colori ya mwaka 1952, moja ya filamu za kwanza za rangi nchini humo. Vichekesho hivyo viligharimu kidogo na kuuza mno, na fedha zake zikazungushwa kwenye kazi za hatari.

La strada ilikuwa ya hatari. Fellini alitaka mke wake, Giulietta Masina, awe Gelsomina. De Laurentiis alimtaka mke wake yeye, Mangano, na Burt Lancaster kwa nafasi ya Zampanò. Kwa hesabu za msambazaji, De Laurentiis alikuwa sahihi: majina hayo mawili yangeziuza hati zake benki hata kabla picha ya kwanza haijapigwa. Fellini alikataa katakata. Wakakutana njiani kwa Anthony Quinn, Mmarekani aliyekuwa tayari Italia akiigiza filamu nyingine. Mtayarishaji alipata jina la Hollywood la kuwaonyesha wasambazaji, mwongozaji akabaki na Masina. Filamu ilitoka mwaka 1954, na mwaka 1957 ikatwaa Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni, mwaka wa kwanza tuzo hiyo ilipogombewa kwa ushindani. Uso wa Masina, ambao mtayarishaji aliuogopa, ndio unaokumbukwa.

Mwaka huohuo wa 1954 kampuni hiyohiyo ilitoa Ulisse, hadithi ya Odiseo, Kirk Douglas akiwa shujaa na Mangano akiigiza wanawake wawili, Penelope na mchawi Circe. Halafu ikaja Vita na Amani. Hollywood kulikuwa na wengine waliotangaza kuitaka riwaya hiyo, prodyuza David O. Selznick akiwa mmoja wao, na mshindi angekuwa yule atakayetangulia kukamilisha majina. De Laurentiis aliwapata Audrey Hepburn na Henry Fonda, akampata King Vidor kuongoza na kampuni ya Hollywood ya Paramount kusambaza. Ilitoka mwaka 1956. Kama filamu, ina mapungufu yake, na Fonda mwenyewe ni mkubwa mno kwa umri wa mhusika wake, Pierre, lakini ilithibitisha jambo lililokuwa halijathibitishwa: kampuni ya Kitaliano inaweza kuwa mwenye mradi, na Wamarekani wakawa wasambazaji wake.

Mwaka 1957 ubia ulivunjika. Ponti alikwenda kwenye kazi zake, ikiwamo La ciociara iliyompa Sophia Loren Oscar, na baadaye Doctor Zhivago. De Laurentiis akabaki peke yake.

Dakika saba zilizopotea

Kisa kimoja cha mwaka huo kinaonyesha uhusiano wa mtayarishaji na mwongozaji kuliko nadharia yoyote. Le notti di Cabiria ni hadithi ya kahaba wa Roma ambaye kila mara anatapeliwa na kila mara anaamka. Fellini alikuwa ameweka ndani yake kipande cha dakika kama saba: usiku mmoja Cabiria anakutana na mtu asiyemjua, amebeba gunia, anazunguka pembezoni mwa mji akiwagawia chakula na mablanketi watu wanaolala mapangoni. Ndani ya pango mojawapo Cabiria anamkuta kahaba mzee aliyewahi kuwa tajiri na sasa hana kitu. Anaona mwisho wake mwenyewe.

De Laurentiis aliona kipande hicho kinapunguza kasi ya filamu. Fellini hakukubali kukiondoa. Baada ya maonyesho ya kwanza katika tamasha la Cannes kipande kikatoweka, na filamu ikazunguka dunia, ikatwaa Oscar mwaka 1958, bila mtu wa gunia. Miaka mingi baadaye De Laurentiis alisema wazi kwamba alikuwa amekichukua yeye. Lakini hakukitupa. Alikihifadhi, akakirudisha, na katika toleo lililokarabatiwa mwaka 1998 watazamaji wakakiona mahali pake.

Nimeitazama filamu hiyo kwa namna zote mbili, na naamini Fellini alikuwa na haki. Bila pango lile, tumaini la Cabiria la kuolewa ni ujinga mtamu; pango likiwapo, ni woga wa mtu aliyeona atakakofikia. Hata hivyo namheshimu mtayarishaji aliyeiba mkanda na asiuchome. Alijua thamani ya kitu alichokiondoa.

Jua kupatwa, na mji wenye jina lake

Miaka michache iliyofuata ilikuwa kilele chake. La grande guerra ya Mario Monicelli, vichekesho vya machungu kuhusu askari wawili waoga wa Vita vya Kwanza vya Dunia, iligawana Simba wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Venice, mwaka 1959. Kisha akarudi kwenye ukubwa na Barabbas, iliyoongozwa na Richard Fleischer. Kwa ajili ya kusulubiwa kwa Yesu walitaka giza la mchana lililotajwa katika Injili. Tarehe 15 Februari 1961 jua lilipatwa kabisa Italia, na walikuwa wamekwisha simamisha misalaba Roccastrada, Toscana, waigizaji wakiwa mahali pao. Giza kamili lilikuwa la dakika chache, bila nafasi ya kurudia. Kama wingu lingepita, gharama yote ingekuwa ya bure. Picha waliyoipata bado inatisha: ni mwanga ambao taa za studio haziwezi kuutoa.

Wakati huohuo alianza kujenga studio zake kando ya barabara ya Pontina, kusini mwa Roma. Watu waliziita Dinocittà. Mahali penyewe palichaguliwa kwa hesabu: eneo hilo lilikuwa ndani ya mpaka wa Cassa per il Mezzogiorno, mfuko ulioanzishwa mwaka 1950 kuchochea viwanda katika kusini maskini ya Italia, na aliyejenga humo alipata mikopo nafuu na misaada. Studio ya filamu ikahesabiwa kama kiwanda kingine chochote. Ndani yake Mmarekani John Huston alitengeneza La Bibbia, iliyotoka mwaka 1966, yeye mwenyewe akiigiza Nuhu miongoni mwa wanyama wa kweli.

Lakini studio ina njaa. Mtayarishaji asiye na majengo akikosa filamu mwaka mmoja anakaa nyumbani. Mwenye majengo analipa walinzi, mafundi, umeme na riba, kamera zizunguke zisizunguke. Tangu Dinocittà ifunguliwe, De Laurentiis alihitaji filamu kubwa mfululizo, na hapo Fellini akamwangusha. Walikubaliana kutengeneza Il viaggio di G. Mastorna, safari ya mpiga selo aliyekufa bila kujijua. Seti zilijengwa: uwanja wa mji, mwili wa ndege, uso wa kanisa kuu la Cologne. Septemba 1966 Fellini akamwandikia kwamba hawezi kuendelea. De Laurentiis alimshitaki, na mali za Fellini zikaanza kushikiliwa na watu wa mahakama. Walipatana, Fellini akaugua vibaya mwaka 1967, na hatimaye mtayarishaji mwingine, Alberto Grimaldi, akalinunua deni hilo. Filamu haikutengenezwa kamwe. Mabaki ya seti yalibaki shambani, na Fellini alirudi kuyapiga picha kwa ajili ya kipindi cha televisheni cha mwaka 1969.

Mlango unafungwa

Novemba 1965 Bunge lilipitisha sheria mpya ya sinema, namba 1213. Nia yake ilikuwa njema: kuhakikisha msaada wa Italia unakwenda kwa filamu za Italia kweli, kwa waigizaji na mafundi wa Kitaliano kwa sehemu kubwa. Kwa De Laurentiis ilikuwa pigo kwenye uti wa mgongo. Njia yake yote ilikuwa kuchanganya: mwongozaji Mmarekani, nyota wa Hollywood, mafundi wa Roma, soko la dunia, msaada wa serikali ya Italia. Sheria sasa ilimtaka achague. Hadi mwisho wa maisha yake aliilaumu kwa kuua sinema ya kimataifa ya Roma. Nadhani alizidisha: televisheni ya taifa, RAI, iliyoanza Januari 1954, ilikuwa imekwisha anza kupunguza watu kwenye kumbi, na dola za Hollywood nazo zilikuwa zinarudi kwao. Lakini kwa studio yake mwenyewe, lawama hiyo ina msingi.

Jaribio lake la mwisho kubwa la Ulaya lilikuwa Waterloo ya mwaka 1970, kwa ushirikiano na Mosfilm, studio ya serikali ya Kisovieti. Msovieti Sergei Bondarchuk aliongoza, na jeshi la Kisovieti likatoa askari wapatao 15,000 kwenye mashamba ya Ukraine, pamoja na wapanda farasi. Wahandisi walisawazisha vilima na kupandikiza miti ili uwanja ufanane na ule wa Ubelgiji. Hakuna kompyuta iliyozidisha watu; kila anayeonekana ni mtu. Haikurudisha fedha. Baada ya hapo Dinocittà ikamtoka mikononi, na mapema miaka ya 1970 akahamia Marekani.

Huko aliipeleka hesabu ileile ya Roma katika dunia pana zaidi. Kabla ya kupiga picha aliuza haki za filamu nchi kwa nchi, msambazaji wa kila nchi akitia saini, na mikataba hiyo ikapelekwa kwa benki ya Uholanzi iliyokubali kukopesha juu yake. Zile hati za ahadi za mikoa ya Italia zilikuwa zimepata pasipoti. Serpico, Three Days of the Condor na King Kong ni za kipindi hicho. Watayarishaji huru wengi waliofuata, hadi leo, hutafuta fedha kwa njia hiyo.

Alianguka alipoiacha. Katikati ya miaka ya 1980 alijenga studio Wilmington, North Carolina, na akaanzisha kampuni ya kusambaza filamu zake mwenyewe Marekani. Sasa yeye ndiye aliyekuwa upande wa pili wa meza, akibeba hatari ambayo kwa miaka 40 aliwabebesha wengine. Kampuni hiyo ilitoa Blue Velvet ya David Lynch, jambo ambalo peke yake linatosha kuifanya ikumbukwe, na ikafilisika mwaka 1988.

Mwaka 1986 alikuwa ametoa pia Manhunter, filamu ya kwanza yenye daktari muuaji Hannibal Lecter. Haikuuza, kwa hiyo wengine walipotaka kumtumia mhusika huyo aliwaruhusu bure, na The Silence of the Lambs ikazoa Oscar tano kuu. Alipopata nafasi ya pili hakuiachia. Alinunua haki za riwaya iliyofuata ya mhusika huyo, akarudi Italia kupiga sehemu yake Florence, na Hannibal ikatoka Februari 2001, mwezi mmoja na nusu hivi kabla ya Hollywood kumpa tuzo ya heshima ya Irving Thalberg. Alikuwa na umri wa miaka 81, na angeendelea na kazi karibu hadi kifo chake Novemba 2010. Filamu hiyo ilikusanya zaidi ya dola milioni 350. Gharama ziligawanywa kabla ya kamera kuzunguka: MGM ikachukua soko la Marekani, Universal ikachukua nchi nyingine zote.